Futa Kabla Haijavuka Maji: Mwongozo wa Kufuta Data Isirudi, kwa Ofisi na Biashara za Bumbire

Kompyuta ikigoma kisiwani Bumbire, mara nyingi husafiri. Hupakiwa kwenye boti pamoja na magunia ya dagaa, ikavuka kwenda bara na kufikia kwa fundi wa Muleba mjini, Bukoba au hata Mwanza. Ikichakaa kabisa, njia yake ni hiyohiyo: huuzwa, hufunguliwa vipuri, au diski yake ikapachikwa kwenye mashine ya mtu usiyemfahamu. Tangu boti inapoacha mwalo, huna tena sauti juu ya kilichomo ndani yake.

Mwongozo huu umeandikwa kwa ajili ya mhudumu wa zahanati anayeingiza taarifa za wagonjwa, katibu wa kikundi cha usimamizi wa mwalo (BMU) mwenye orodha ya wavuvi na mitumbwi, mwalimu, mtendaji wa kijiji, wakala wa miamala ya simu na mwenye steshenari. Jambo kuu la kushika ni moja: data hufutwa kisiwani, kwa mkono wako, kabla mashine haijapakiwa. Ukimwachia wa ng'ambo akufutie, umeshampa kila kitu.

Kwa nini jambo hili likuhusu

Mkoa wetu wa Kagera unajua uzito wa jina kuandikwa kwenye orodha. Wagonjwa wa kwanza wa UKIMWI nchini waligunduliwa mkoani humu mwaka 1983, na waliokuwepo wanakumbuka jinsi tetesi zilivyovunja ndoa na kufukuza watu kwenye nyumba zao. Machi 2023, ugonjwa wa Marburg ulipotangazwa Bukoba Vijijini, zaidi ya watu 200 waliorodheshwa kwa sababu tu walikuwa karibu na wagonjwa. Orodha za namna hiyo huokoa maisha zikiwa mikononi mwa wahudumu. Zikiwa mikononi mwa mnunuzi wa kompyuta chakavu, zinaweza kumharibia mtu biashara, ndoa na heshima yake. Kisiwani, ambako kila mtu anamjua mwenzake, siri ikitoka asubuhi, jioni imeshazunguka mialo yote.

Sheria nayo imesema. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi, Na. 11 ya mwaka 2022, ilianza kutumika tarehe 1 Mei 2023, na Tume ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ikazinduliwa rasmi na Rais Samia Suluhu Hassan tarehe 3 Aprili 2024. Sheria hiyo inataka taarifa za mtu zisitunzwe kupita muda unaohitajika na zilindwe wakati wote zikiwa kwako. Taarifa za afya, za watoto na za miamala ya fedha imeziweka katika kundi la taarifa nyeti. Sheria haikubagua ofisi ya Dar es Salaam na chumba kimoja chenye paneli ya sola Bumbire.

Unapobonyeza "Delete", kinachofutika ni nini?

Chukua daftari la mwalo lenye majina ya mitumbwi yote. Ukikata jina la mtumbwi mmoja kwa kalamu, mtumbwi wenyewe bado umefungwa pale ufukweni. Kilichopotea ni maandishi ya kuonyesha uko wapi. Kompyuta hufanya hivyohivyo. Unapofuta faili na hata kumwaga Recycle Bin, mashine hukata jina kwenye orodha yake na kuitangaza nafasi ile kuwa huru. Yaliyoandikwa hubaki mpaka faili jingine liandikwe juu yake, na hilo laweza kuchukua miezi, au lisitokee kabisa.

Kufomati kwa haraka nako hukata orodha tu. Ndiyo maana kuna programu za bure, kama PhotoRec na Recuva, zinazorudisha picha na nyaraka zilizofutwa. Kwa aliyepoteza picha za harusi, programu hizo ni baraka. Ila aliyenunua kompyuta yako naye anaweza kuzitumia.

Watafiti wawili wa Marekani, Simson Garfinkel na Abhi Shelat, walilithibitisha hili kwa kununua diski zilizotumika, kama mtu anavyonunua mitumba. Katika matokeo yao ya mwaka 2003, kati ya diski 129 zilizokuwa bado zinafanya kazi, ni 12 tu zilizokuwa zimefutwa sawasawa. Kwenye nyingine walikuta barua, taarifa za hospitali na maelfu ya namba za kadi za benki.

Maswali matatu kabla ya kugusa kitu

*Je, una ruhusa ya kufuta?* Kumbukumbu za umma si mali ya anayeketi kwenye kompyuta. Sheria ya Kumbukumbu na Nyaraka za Taifa, Na. 3 ya mwaka 2002, imeweka utaratibu wa kuteketeza nyaraka za serikali, na zahanati, shule na ofisi ya kijiji ziko chini yake. Pata kibali cha maandishi kutoka kwa mkuu wako, halmashauri ya Muleba ikiwa na taarifa. Kumbuka pia kwamba Sheria ya Makosa ya Mtandao ya mwaka 2015 inakataza kuharibu data bila haki. Kama kuna kesi, ukaguzi au mgogoro wa fedha unaohusu mashine hiyo, usifute hata herufi moja.

*Je, nakala ya kubaki nayo ipo, na inafunguka?* Utakachokifuta kwa njia za hapa chini hakitarudi. Nakili kinachotakiwa kwenye diski ya nje, kisha fungua mafaili machache kwenye kompyuta nyingine uone kama yanasomeka. Wakati huohuo, tafuta nakala usizozihitaji: kwenye flashi iliyotumika kuchapishia, kwenye barua pepe, kwenye kundi la WhatsApp. Kufuta kompyuta huku orodha ileile ikiwa kwenye simu ya mtu ni kazi bure.

*Diski iliyomo ni ya aina gani?* Kompyuta za zamani zina diski ya sahani, ambayo ukitega sikio utasikia inazunguka. Mpya zina SSD, isiyo na kitu kinachozunguka. Kwenye Windows 10 na 11, tafuta neno "Defragment" kwenye menyu ya kuanzia. Dirisha litakalofunguka litakuandikia "Hard disk drive" au "Solid state drive". Jibu hilo ndilo litakaloamua njia yako.

Programu ya kufutia na mafaili yake ya maktaba

Hapa ndipo wengi huumia, kwa hiyo twende polepole.

Programu nyingi za kufutia data haziji kama faili moja. Kuna faili unalolibofya, na pembeni yake kuna mafaili ya maktaba, ambayo kwenye Windows huishia na herufi .dll na kwenye Linux .so. Maktaba ndiyo hubeba kazi yenyewe. Faili unalobofya huiita tu. Chukua Eraser, programu ya bure iliyoanzishwa na Sami Tolvanen wa Finland na baadaye ikatunzwa na Heidi Computers ya Ireland. Katika matoleo yake ya zamani, eraser.dll ndilo faili lililobeba kazi ya kufuta, na faili jingine dogo lilikuwa na kazi ya kuongeza neno "Erase" kwenye menyu ya kitufe cha kulia cha kipanya.

Mpangilio huu una faida: maktaba moja huweza kutumiwa na programu kadhaa. Lakini una mwanya wake pia. Programu nyingi za Windows zinapohitaji maktaba, huitafuta kwanza kwenye folda ileile programu ilimokaa. Mhalifu akifanikiwa kuweka humo faili lenye jina linalotakiwa, programu hulipokea na kulitumia kama lake. Na programu ya kufutia huendeshwa kwa mamlaka ya msimamizi, maana bila hayo haigusi diski yote. Kwa hiyo faili bandia litakalopenya hapo litapata mamlaka hayohayo.

Mtego wenyewe huanza hivi. Umewasha programu uliyonakiliwa na rafiki kwenye flashi. Kunatokea kisanduku kinachosema eraser.dll haipatikani. Unaingia Google na kuandika jina la faili, na mara moja tovuti kumi zinakukaribisha ulipakue bure. Usilipakue. Tovuti hizo hazikutengeneza programu hiyo, na hakuna anayekuhakikishia kilichomo ndani ya faili. Kisanduku kile mara nyingi kina maana moja: programu imesakinishwa nusu. Dawa yake ni kuiondoa yote na kuisakinisha upya kutoka kwa mtengenezaji wake.

Shika kanuni hizi nne:

1. Pakua programu kwenye tovuti ya mtengenezaji pekee. SDelete, iliyoandikwa na Mark Russinovich, ipo kwenye kurasa za Sysinternals za Microsoft. Eraser ipo kwa Heidi Computers.
2. Usipakue kamwe faili la .dll likiwa peke yake, wala usilinakili kutoka kompyuta ya mwenzako.
3. Kabla ya kusakinisha, bofya faili kwa kitufe cha kulia, chagua "Properties", uangalie kama kuna kichupo cha "Digital Signatures" na jina la mtengenezaji. Kwa programu ya Microsoft, kisipokuwepo, acha.
4. Lihamishie faili la kusakinishia kwenye folda tupu kabla ya kulifungua. Folda ya "Downloads" hujaa takataka za kila aina, na .dll bandia yaweza kuwa imelala humo ikisubiri.

Kama bando ni dogo au mtandao wa kisiwani unasuasua, huna haja ya kupakua chochote. Windows ina zana zake, na ndizo tutakazoanza nazo.

Diski ya sahani: mzunguko mmoja unatosha

Diski ya sahani husafishwa kwa kuandika juu yake tangu mwanzo hadi mwisho.

Kama kompyuta bado inawaka na unataka kuiuza ikiwa na Windows, fungua "Settings", tafuta "Reset this PC", chagua "Remove everything", kisha ingia kwenye mipangilio ya ziada uwashe chaguo la kusafisha diski, lenye neno "Clean". Ukiacha chaguo hilo, mashine itakata orodha tu na data itabaki.

Kama ni diski ya pili au ya nje, ifomati huku ukiwa umeondoa alama ya tiki kwenye "Quick Format". Tangu Windows Vista, kufomati kamili huandika sifuri kwenye diski nzima.

Kama umefuta mafaili fulani tu na kompyuta unaendelea nayo, fungua dirisha la amri na uandike cipher /w:C:\ kisha bonyeza Enter. Kioo kitakuandikia kwamba kinaandika 0x00, na vidoti vitaanza kujipanga kimoja kimoja. Baadaye kitaandika 0xFF, na mwisho namba za kubahatisha. Amri hii haigusi mafaili yaliyopo. Inajaza nafasi zilizo wazi, mahali mafaili yaliyofutwa yalipokuwa. Funga programu nyingine zote kabla ya kuianzisha.

Sasa suala la umeme, ambalo kwa mtumiaji wa sola si dogo. Utasikia mafundi wakisisitiza diski ifutwe mara 35. Namba hiyo inatokana na makala ya Peter Gutmann, mtaalamu wa New Zealand, ya mwaka 1996, na ililenga aina mbalimbali za diski za zama zile. Gutmann mwenyewe alieleza baadaye kwamba kwa diski za kisasa mizunguko hiyo yote haina maana. Mwongozo wa taasisi ya viwango ya Marekani, NIST, wa mwaka 2014 ulikubali mzunguko mmoja kwa diski za sahani za kawaida.

Piga hesabu. Diski ya GB 500 inayoandika MB 100 kwa sekunde humaliza mzunguko mmoja kwa kama saa moja na dakika 25. Mizunguko 35 ingekula siku mbili mchana na usiku. Ukiiunganisha diski hiyo kupitia USB ya zamani inayokwenda MB 30 kwa sekunde, mzunguko mmoja huchukua saa nne na nusu hivi. Anza asubuhi jua likiwa limepanda, betri ikiwa imejaa. Umeme ukikatika katikati, usikisie ulipofikia, anza upya.

SSD na flashi: hapa kuandika juu hakutoshi

Ndani ya SSD kuna kidhibiti kinachotawanya maandishi ili sehemu moja isichakae mapema. Ukiiambia iandike juu ya faili, inaweza kuandika mahali pengine kabisa na kuliacha la zamani palepale. Watafiti wa Chuo Kikuu cha California, San Diego, wakiongozwa na Michael Wei, walijaribu njia za kufuta faili moja moja kwenye SSD na kutoa matokeo mwaka 2011. Hakuna hata moja iliyofaulu; sehemu ya faili ilibaki kila mara. Kwa hiyo usiitegemee Eraser wala programu nyingine yoyote ya kufuta faili moja moja kwenye SSD au flashi.

Fanya haya badala yake. La kwanza, tumia amri ya kufuta iliyojengwa ndani ya SSD yenyewe. Watengenezaji wengi hutoa programu ya kuiendesha, na kompyuta nyingine huwa nayo kwenye menyu ya BIOS kwa jina la "Secure Erase". Huchukua dakika chache tu.

La pili, na ndilo bora kuliko yote, ni kusimba diski tangu siku ya kwanza. Diski iliyosimbwa hugeuza kila kinachoandikwa kuwa fumbo lisilosomeka bila ufunguo, na siku ya kuagana nayo ufunguo ukiharibiwa, kilichobaki hakimfai mtu. Windows za toleo la Pro zina BitLocker. Kwa nyingine kuna VeraCrypt, ambayo ni ya bure. Ufunguo wa akiba uandike kwenye karatasi na uufungie kabatini, kwa sababu ukipotea, hata wewe hutaingia tena. Kusimba kunakulinda pia siku mashine itakapoibwa, jambo ambalo hakuna programu ya kufutia inayoweza kukusaidia.

Flashi na kadi za memori ni rahisi kununua na ngumu kusafisha. Iliyowahi kubeba majina ya wagonjwa au miamala ya wanachama usiiuze wala usiigawe. Itumie mpaka ife, kisha ivunje.

Kompyuta isiyowaka

Hii ndiyo hali inayowakuta wengi: mashine imekufa, fundi yuko Bukoba, na kuifuta haiwezekani. Toa diski, uibakize kisiwani.

Kwenye kompyuta mpakato nyingi za zamani si kazi ngumu. Izime, chomoa chaja, toa betri kama inatoka. Igeuze, fungua skrubu za kifuniko cha chini, nawe utaona kiboksi bapa chenye upana wa karibu sentimita saba: hiyo ndiyo diski. Ivute taratibu kwa pembeni hadi iachie meno yake. Ifunge kwenye kitambaa kikavu, andika jina la ofisi, ifungie kabatini. Fundi anaweza kupima ubao, kioo, kibodi na chaja bila hiyo. Akisema tatizo ni diski, nunua mpya kuliko kumpa ya zamani. Hiyo ya zamani, ukiipatia waya wa kugeuza SATA kuwa USB, iunganishe kwenye kompyuta nyingine uifute mwenyewe.

Usione kama unamdharau fundi. Mwaka 2022, Morgan Stanley, kampuni kubwa ya fedha ya Marekani, ilikubali kulipa faini ya dola milioni 35 baada ya kuikabidhi kazi ya kuondoa maelfu ya diski kampuni ya kuhamisha mizigo isiyo na uzoefu wa kufuta data. Baadhi ya mashine ziliishia kuuzwa mtandaoni zikiwa na taarifa za wateja. Kama kampuni ya ukubwa ule iliponzwa na kumwachia mwingine kazi hii, ofisi ya kata haina sababu ya kubahatisha.

Simu na mashine ya fotokopi

Kwa wengi kisiwani, simu ndiyo kompyuta. Kabla ya kuiuza, ondoa akaunti ya Google, toa laini na kadi ya memori, kisha irudishe kwenye hali ya kiwandani. Simu za zamani zisizosimbwa zinahitaji uangalifu zaidi: Laurent Simon na Ross Anderson wa Chuo Kikuu cha Cambridge walichunguza mwaka 2015 simu 21 za Android zilizotumika na kukuta kwamba nyingi ziliacha data nyuma hata baada ya kurudishwa hali ya kiwandani. Kwa simu ya aina hiyo, washa kwanza usimbaji kwenye mipangilio ya usalama, subiri umalizike, ndipo uirudishe.

Mwenye steshenari, angalia ile mashine kubwa ya fotokopi iliyoagizwa ikiwa imetumika. Nyingi zina diski ndani, na diski hiyo huhifadhi picha za vyeti na vitambulisho vilivyopita juu ya kioo chake. Mwaka 2013, Affinity Health Plan ya New York ililipa zaidi ya dola milioni 1.2 kwa kurudisha mashine za kukodi bila kufuta diski zake. Tafuta kwenye menyu ya msimamizi sehemu ya kufuta diski kabla hujaiuza.

Hakiki, na ikibidi vunja

Usiamini maneno "imekamilika" yanayotokea kwenye kioo. Endesha PhotoRec kwenye diski uliyoifuta yote. Isipopata kitu, umefaulu. Ikitoa hata picha moja ya kitambulisho, rudia.

Diski iliyoharibika isiyofutika, ivunje. Ya sahani itoboe kwa drili mashimo kadhaa yanayopita kwenye sahani zenyewe. Ya SSD, fungua gamba na uponde kila chipu nyeusi, maana kuvunja gamba peke yake hakudhuru data. Vaa miwani. Usichome moto, moshi wake ni sumu, na usitupe ziwani: maji hayo ndiyo tunayoyanywa na ndimo tunamovua samaki. Vipande vikusanye kwenye ndoo, ukavikabidhi kwa mkusanyaji wa taka za kielektroniki mwenye kibali cha NEMC, baraza la taifa la mazingira.

Weka daftari

Maliza kazi kwa maandishi. Fungua daftari lenye safu sita: tarehe, aina ya kifaa, namba yake ya kiwandani, njia uliyotumia kufuta, aliyefuta, na shahidi aliyeona uhakiki. Sahihi mbili, kila mara. Mkaguzi akija, au mtu akidai jina lake limevuja kutoka ofisini kwako, daftari hilo ndilo litakalokusemea.

Kisha weka kanuni moja ofisini, uibandike ukutani: hakuna kompyuta, diski wala simu ya kazi inayopanda boti bila mstari wake kwenye daftari. Waliotukabidhi majina yao, vipimo vyao na hesabu za fedha zao walitukabidhi kwa shida na kwa imani. Kuzifuta taarifa hizo vizuri kazi inapokwisha ni sehemu ya huduma tuliyowaahidi.